Uhamisho wa Kumfuata Mwenza: Haki ya Familia na Haki ya Kijiji



Katika toleo hili tumeona vema kulitazama jambo ambalo ni nadra kusikika mimbarani, wala haliletwi mara nyingi katika vikao vya Halmashauri ya Walei, ingawa limo ndani ya nyumba nyingi za parokia zetu. Ni jambo la mume na mke waliofunga ndoa halali, ambao utumishi wa umma umewaweka mmoja kusini na mwingine kaskazini ya nchi, na ambao mwaka baada ya mwaka wanaomba uhamisho wa kumfuata mwenza bila kupata jibu. Wako walimu, wauguzi, matabibu, mahakimu, maafisa ugani na askari. Wanapokuja kanisani tunawaona peke yao, nasi huwahesabu kama waseja. Sio waseja. Ni nusu ya nyumba.

Hatuandiki haya ili kuilaumu Serikali kwa kila kitu, wala kumtetea kila mtumishi anayetaka kuhamia mjini. Tunaandika kwa sababu haki mbili zinagongana hapa: haki ya familia kuishi pamoja, na haki ya mtoto wa kijijini kupata mwalimu, au mama mjamzito kupata mkunga. Anayeitazama moja na kuisahau nyingine hajatenda haki.

Hali ilivyo

Baada ya Uhuru wa mwaka 1961 nchi yetu ilichukua njia ya kuwapeleka watumishi mbali na kwao. Mwalimu wa Kagera alifundisha Mtwara, muuguzi wa Kilimanjaro alizalisha Rukwa, na vijana walipelekwa shule za sekondari katika mikoa wasiyoijua. Mwaka 1974, ilipoazimiwa mjini Musoma kwamba watoto wote wapate elimu ya msingi, mwalimu alihitajika katika kila kijiji, nao walikwenda. Njia hiyo ilitujengea taifa moja, nasi tunaisifu. Lakini ilizaa pia ndoa za watu waliokutana mbali na makwao, ndoa zisizo na ukoo wa karibu wa kuzishika mkono. Taifa lililofurahia matunda ya utaratibu huo lina deni kwa ndoa hizo.

Utaratibu wa leo unajulikana. Mtumishi wa Halmashauri anayetaka kuhamia mkoa mwingine huomba kupitia kwa mkuu wake wa kazi na Mkurugenzi Mtendaji, hata ombi lake lifike katika ofisi inayoshughulikia Tawala za Mikoa na Serikali za Mitaa, iliyozoeleka kwa jina la TAMISEMI. Huambatanisha nakala ya cheti cha ndoa na uthibitisho kwamba mwenza wake anafanya kazi kule anakotaka kuhamia. Miaka hii ya karibuni maombi yameanza kupitishwa katika mfumo wa kompyuta badala ya bahasha. Hilo ni jambo jema, kwa maana jalada la karatasi lilikuwa rahisi kupotea masijala. Hata hivyo kompyuta haitoi kibali. Kibali hutolewa na mtu. Mtu huyo hutazama kwanza ikama: je, akiondoka huyu, nani atabaki pale? Wengine hutafuta mtu wa kubadilishana naye kituo, mwalimu wa somo lile lile anayetaka kwenda kule wanakotoka. Asiyempata hungoja.

Tena, uhamisho wa namna hii huhesabiwa kuwa ni kwa ombi la mtumishi mwenyewe. Anayehamishwa na mwajiri kwa manufaa ya umma hustahili kulipwa gharama zake. Anayemfuata mwenza wake hujigharamia mwenyewe nauli, mizigo na siku za kwanza za ugenini. Mara nyingine huacha nyuma na cheo. Aliyekuwa mwalimu mkuu huanza upya kama mwalimu wa kawaida, na kwa desturi zetu anayetazamiwa kukubali hasara hiyo ni mke.

Tufanye hesabu ndogo. Likizo ya mwaka ya mtumishi ni siku 28. Chukueni wanandoa wanaokutana wakati wa likizo tu, mmoja yuko Tunduru na mwingine Sengerema. Katika miaka 20 ya ndoa watakuwa wameishi pamoja siku 560, yaani mwaka mmoja na nusu. Mtoto aliyezaliwa mwanzoni mwa ndoa hiyo atakuwa mtu mzima, na baba yake amekuwa naye nyumbani mwaka mmoja na nusu tu. Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Baba huyu ni mgeni nyumbani mwake mwenyewe, na hata jembe hapewi, kwa maana kabla hajalizoea shamba likizo imekwisha.

Wachungaji wa roho tunayajua yanayofuata: nyumba mbili zinazolipiwa kwa mshahara mdogo, watoto wanaolelewa na bibi au na msichana wa kazi, tuhuma zinazokuzwa na simu isiyopokelewa, nyumba ndogo, na magonjwa yanayoletwa nayo. Hatusemi kwamba umbali humlazimisha mtu kutenda dhambi. Wako wanandoa waliotengana miaka mingi wakabaki waaminifu, nasi tunawaheshimu kama mashahidi wa imani. Lakini jamii yenye haki haiwawekei watu wake vikwazo kisha ikawalaumu kwa kujikwaa.

Yasemwayo na Maandiko, Kanisa na sheria za nchi

Katika Kumbukumbu la Torati, sura ya 24, Musa anaweka sheria ya ajabu kwa taifa lililozungukwa na maadui. Mtu aliyeoa karibuni asipelekwe vitani, wala asitwishwe kazi yoyote ya umma. Akae huru nyumbani mwaka mmoja, amfurahishe mkewe. Tuitafakari sheria hiyo. Israeli ilihitaji askari kuliko sisi tunavyohitaji makarani. Hata hivyo Mungu aliona kwamba taifa linalobomoa nyumba mpya ili kujaza safu zake halina cha kulinda.

Mtume Paulo naye, katika sura ya 7 ya Waraka wa Kwanza kwa Wakorintho, anawaruhusu mume na mke kutengana kwa masharti mawili: wawe wamepatana, na iwe ni kwa muda wapate kusali, kisha warudiane, Shetani asije akawajaribu. Utengano unaoletwa na kituo cha kazi hauna sharti hata moja kati ya hayo. Hawakupatana wao, bali waliamuliwa. Wala hakuna ajuaye mwisho wake.

Sheria ya Kanisa ya mwaka 1983, katika kanuni ya 1151, inasema kwamba wanandoa wana wajibu na haki ya kudumisha maisha ya pamoja, isipokuwa iwepo sababu halali ya kuwaondolea wajibu huo. Tuliangalie neno wajibu. Mwalimu anayeomba kumfuata mumewe haombi upendeleo. Anaomba nafasi ya kutimiza wajibu alioukubali mbele ya altare. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika hati yake ya mwaka 1965 juu ya Kanisa katika ulimwengu wa leo, ulifundisha kwamba utaratibu wa kazi ulinganishwe na mahitaji ya mtu na ya maisha yake ya nyumbani, hasa kwa akina mama. Nao Mkataba wa Haki za Familia, uliotolewa na Kiti Kitakatifu mwaka 1983, unaitaja waziwazi haki ya familia kuwa na utaratibu wa kazi unaowawezesha watu wake kuishi pamoja. Kazi ni kwa ajili ya mtu, sio mtu kwa ajili ya kazi. Hilo ndilo fundisho la Mtakatifu Yohane Paulo wa Pili katika waraka wake wa mwaka 1981 juu ya kazi ya binadamu.

Asiyekuwa Mkatoliki anaweza kusema kwamba hayo ni ya kanisani. Basi tuitazame Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya mwaka 1977. Ibara ya 16 inampa kila mtu haki ya kuheshimiwa na kupata hifadhi ya nafsi yake, familia yake na unyumba wake. Tamko la Umoja wa Mataifa la mwaka 1948 juu ya Haki za Binadamu linaitambua familia kuwa ni kiini cha jamii kinachostahili kulindwa na jamii na Dola. Kwa hiyo tunapolisema jambo hili hatuiombi Serikali iwe ya Kikatoliki. Tunaiomba ikumbuke yale iliyokwisha kuyaandika yenyewe.

Upande wa pili: kijiji kinachoachwa

Hata hivyo haki ya familia haisimami peke yake. Kila kibali kinachotolewa kwenda mjini kina kijiji nyuma yake. Shule yenye walimu watano ikipoteza wawili, darasa la pili na la tatu huketi chumba kimoja. Zahanati yenye muuguzi mmoja akihama huyo mmoja, mlango hufungwa, na mama mwenye uchungu wa kuzaa hubebwa kwa pikipiki usiku. Wale watoto na yule mama nao ni familia, nao wana ndoa. Hawana cheti cha kuambatanisha wala mfumo wa kupitishia ombi lao, lakini haki yao ni ile ile.

Ndiyo maana hatuwezi kukubaliana na wasemao kwamba kila mwenye cheti cha ndoa ahamishwe kesho yake. Utumishi wa umma ni utumishi. Anayeajiriwa hukubali kufanya kazi mahali popote katika Tanzania, na neno hilo si la mapambo. Lakini kukubali kutumwa popote si kukubali kutenganishwa daima. Na hapa ndipo tunapoliona kosa katika namna jambo zima linavyofikiriwa.

Kosa ni hili: tumezoea kuifikiria ndoa kuwa ni sababu ya kuondoka kijijini. Karibu kila mara anayeomba ni yule wa kijijini, na anakotaka kwenda ni mjini. Kwa nini isiwe kinyume chake? Kila kata ina shule na karibu kila kata ina zahanati au kituo cha afya. Mwalimu na muuguzi waliooana wanaweza kupangiwa kata moja. Bwana shamba aliyeko mjini anaweza kuhamishiwa wilaya ile ambako mkewe anafundisha, na huko ndiko wakulima waliko. Tena, kijana aliyepangiwa kijiji cha mbali akiwa peke yake huhesabu siku za kuondoka. Aliye na mwenzake na watoto hujenga, hulima, hufuga kuku, hujiunga na jumuiya, hukaa. Ndoa ikitumiwa kwa busara ni nanga ya kumshikilia mtumishi kijijini kuliko posho yoyote. Kwa njia hiyo haki mbili tulizosema zinagongana zinaweza kukaa chini ya paa moja.

Tunajua kwamba shauri hili litawauma baadhi ya wasomaji wetu. Yupo atakayesema kwamba alitaka kuishi na mwenzake, lakini si huko porini. Tunamwomba ajipime mbele ya Mungu: je, ninayemfuata ni mwenza, au ni umeme na barabara ya lami? Kutaka maisha mepesi si dhambi, ila kulifunika kwa jina la Sakramenti si kweli.

Cheti kisichokuwa na ndoa

Hapa hatuna budi kusema neno gumu. Kwa kuwa ndoa inakubalika kama sababu ya kuhama, wako wanaotafuta cheti kwanza na ndoa baadaye, au cheti peke yake. Wapo wanaokuja ofisini kwa Paroko wakiwa na haraka isiyoelezeka, wakitaka wafungishwe ndoa kabla dirisha la uhamisho halijafungwa. Wengine hununua cheti cha kughushi kama mtu anunuavyo sukari.

Viongozi wa jumuiya wajue, na wawaeleze vijana. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inataka taarifa ya ndoa itolewe siku 21 kabla, na Kanisa lina matangazo yake. Siku hizo zimewekwa ili ukweli upate muda wa kujitokeza, nasi hatuzifupishi kwa ajili ya ikama. Kanuni ya 1101 ya Sheria ya Kanisa inafundisha kwamba anayetamka maneno ya ndoa huku moyoni akiikataa ndoa yenyewe hajafunga ndoa. Kughushi hati ya Serikali ni jinai. Zaidi ya hayo, kila cheti cha uongo huchelewesha kibali cha wanandoa wa kweli, kwa maana kinamfanya afisa amshuku kila aombaye.

Lipo na jambo la rushwa. Penye kibali adimu panakuwa na mnunuzi na muuzaji. Dada zetu wengine wameombwa kitu kibaya kuliko fedha, ili waruhusiwe kuwafuata waume zao. Huo ni ukatili wa kipekee: kumtaka mke avunje ndoa yake ili apewe ruhusa ya kuiishi. Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya mwaka 2007, katika kifungu cha 25, inalitambua kosa hilo kuwa ni jinai. Aliyeombwa asijifiche kwa aibu, maana aibu si yake. Aende TAKUKURU, na kama anaogopa kwenda peke yake aje kwa kamati ya Haki na Amani ya parokia asindikizwe.

Yatupasayo kutenda

Kwa wenye mamlaka tunaleta maombi manne, kwa heshima na bila kificho.

Kwanza, ombi lijibiwe. Afisa anaweza kukataa, lakini akatae kwa maandishi, kwa sababu iliyotajwa, na ndani ya muda unaojulikana. Kimya si jibu. Mtu aliyeambiwa asubiri miaka miwili hadi apatikane wa kujaza nafasi yake anaweza kuvumilia. Asiyeambiwa lolote hukata tamaa.

Pili, ndoa itazamwe wakati wa kupanga vituo, si baada ya kuharibika. Ni rahisi kuwapanga mume na mke wilaya moja siku ya kuajiri kuliko kuwakutanisha baada ya miaka kumi. Na pale mmoja anapopandishwa cheo au kuhamishwa, ofisi iulize kwanza juu ya mwenzake.

Tatu, watofautishwe waliotenganishwa na mwajiri na wale waliooana wakijua wako mbalimbali. Serikali ilipoanza kuhamia Dodoma mwaka 2016, watumishi wengi waliondoka Dar es Salaam wakiwaacha wenzi na watoto waliokuwa shuleni. Treni iliyoanza safari kati ya miji hiyo mwaka 2024 imefupisha njia, lakini nyumba haikai ndani ya treni. Mwenza anayemfuata mtu aliyehamishwa kwa manufaa ya umma naye anahama kwa manufaa hayo hayo. Si haki kumwambia ajigharamie.

Nne, wanaokubali kukutana kijijini badala ya mjini wapewe kipaumbele, tena wapate nyumba ya kukaa. Familia haiwezi kuishi katika chumba kimoja cha kupanga nyuma ya duka.

Kwa taasisi za Kanisa letu, yaani shule, hospitali na ofisi za jimbo, tunasema: tuwe wa kwanza. Mwajiri anayefundisha juu ya familia Jumapili asiisambaratishe Jumatatu.

Kwa viongozi wa parokia na jumuiya kazi ni ya karibu zaidi. Wajulikane kwa majina wanandoa wanaoishi mbalimbali, watembelewe, wasiachwe peke yao wakati wa ugonjwa na wa mtihani wa watoto. Waliooana kimila na hawana hati wasaidiwe kuandikisha ndoa zao, kwa sababu sheria inazitambua lakini ofisi huuliza karatasi. WAWATA na vyama vingine vya kitume viwafundishe akina mama taratibu za kuomba na za kukata rufaa. Na kijiji kinachotaka mwalimu asihame kijiulize kimemjengea nini.

Kwa jumuiya zitakazosoma waraka huu tunaweka maswali matatu ya kutafakari. Ni wanandoa gani katika jumuiya yetu wametenganishwa na kazi, nasi tumewafanyia nini? Je, mtumishi aliyeletwa kijijini kwetu anatuona kama nyumbani au kama kifungoni? Na sisi tulio watumishi, je, tuko tayari kumfuata mwenza hata kama njia inakwenda mashambani?

Familia Takatifu ya Nazareti nayo ilihamishwa kwa amri ya serikali. Kaisari alitaka watu wahesabiwe, na Yosefu alipaswa kwenda Betlehemu. Alikwenda pamoja na Maria, ingawa alikuwa mjamzito na njia ilikuwa ndefu. Baadaye walipokimbilia Misri walikwenda wote watatu, na wote watatu wakarudi. Tunaziweka chini ya ulinzi wao nyumba zote zinazongoja barua, pamoja na maafisa wenye kalamu ya kuiandika. Ndugu waamini, tuwaombee, na baada ya kuwaombea twende tukawaone.